Tyrone Guthrie: Mwongozaji Aliyeondoa Pazia



Mhariri wa jarida letu ameniomba niandike juu ya maisha ya mtu mashuhuri aliyekwisha fariki, ambaye sisi tuliosoma pamoja twaweza kujifunza kitu kwake. Najua wengi mngetegemea niandike juu ya kiongozi wa siasa au mtaalamu wa sayansi, kwa sababu mimi ni mtumishi wa serikali na meza yangu imejaa majalada, wala si vitabu vya michezo ya kuigiza. Hata hivyo nimemchagua Sir Tyrone Guthrie, mwongozaji wa michezo wa Uingereza, aliyefariki mwaka 1971. Nilianza kusoma habari zake nilipokuwa Chuo Kikuu. Tangu wakati huo nimezidi kuamini kwamba maisha yake yanamhusu kila mtu aliyepata kupangiwa kazi mbali na makao makuu.

Huenda wengine watauliza: mwongozaji wa michezo hufanya kazi gani hasa? Mtunzi huandika maneno, na mwigizaji huyasema mbele ya watu. Mwongozaji ndiye anayeamua nani asimame wapi, nani aingie lini, wapi mchezo uende mbio na wapi utulie, taa ziwakeje, na umati wa watu ishirini jukwaani uonekane vipi kama jeshi zima. Akimaliza kazi yake hukaa gizani pamoja na watazamaji. Mtunzi huacha kitabu, lakini kazi ya mwongozaji hufa usiku ule mchezo unapofungwa. Guthrie aliijua hali hiyo vizuri, na katika nusu ya pili ya maisha yake alijishughulisha zaidi na kujenga mahali pa kuchezea kuliko kujitafutia sifa.

KUZALIWA NA MASOMO

William Tyrone Guthrie alizaliwa tarehe 2 Julai, 1900, katika mji wa Tunbridge Wells, kusini ya Uingereza. Baba yake alikuwa daktari wa asili ya Uskoti, mjukuu wa mhubiri maarufu wa huko. Kwa upande wa mama, damu yake ilikuwa ya Ayalandi. Babu wa mama yake alikuwa Tyrone Power, mwigizaji aliyesifika sana katika miaka ya 1830, na ndiyo maana kijana akapewa jina hilo. Mwigizaji wa sinema wa Marekani mwenye jina kama hilo alikuwa binamu yake. Nyumba ya ukoo wa mama yake, iitwayo Annaghmakerrig, ilikuwa kando ya ziwa katika wilaya ya Monaghan huko Ayalandi, karibu na kijiji cha Newbliss. Wasomaji walikumbuke jina la kijiji hicho, maana tutarudi huko.

Alisoma shule ya Wellington, kisha akaenda Chuo Kikuu cha Oxford, katika chuo cha St John's, kusoma historia. Alipomaliza, alijaribu kuwa mwigizaji katika kikundi cha Oxford. Kwa bahati mbaya alikuwa mrefu kupita kiasi, zaidi ya futi sita na inchi tatu, na kila aliposimama jukwaani wenzake walionekana watoto. Uigizaji haukumfaa.

Basi mwaka 1924 akaajiriwa na shirika la utangazaji la BBC katika kituo kipya cha Belfast. Redio wakati huo ilikuwa kitu kigeni kabisa na hapakuwa na mtu wa kumfundisha mwenzake. Guthrie alijifunza kuongoza mchezo usio na jukwaa, usio na mavazi wala nyuso, bali sauti tupu. Baadaye aliandika michezo ya redio ambayo wataalamu bado wanaitaja kuwa miongoni mwa ya kwanza iliyotungwa kwa ajili ya masikio tu. Mwaka 1931 alikwenda Montreal, Kanada, kuongoza mfululizo wa michezo ya redio juu ya historia ya nchi hiyo, uliogharimiwa na shirika la reli. Safari hiyo ilimpa mapenzi ya Kanada, nayo yalizaa matunda miaka ishirini baadaye. Mwaka huohuo alimwoa Judith Bretherton, wakaishi pamoja mpaka kifo chake. Hawakujaliwa watoto.

KATIKA JUMBA LA OLD VIC

Upande wa kusini wa mto Thames, katika mtaa wa watu wa kipato cha chini jijini London, lilikuwako jumba la michezo liitwalo Old Vic. Msimamizi wake alikuwa mama mmoja shupavu, Lilian Baylis. Aliamini kwamba michezo ya Shakespeare ni haki ya mfanyakazi kama ilivyo haki ya tajiri, kwa hiyo aliviuza viti kwa bei nafuu na mishahara aliyolipa ilikuwa midogo vilevile. Mwaka 1933 alimchukua Guthrie kuwa mwongozaji mkuu. Kijana huyo akamleta Charles Laughton, nyota wa sinema, na watu wakafurika. Baylis hakufurahi sana, maana aliona jumba lake limegeuka kuwa la nyota mmoja. Wakasigana, Guthrie akaondoka baada ya msimu mmoja. Mwaka 1936 Baylis mwenyewe akamrudisha. Wakubwa wenye moyo wa namna hiyo ni wachache katika ofisi yo yote.

Mwanzoni mwa mwaka 1937 Guthrie aliongoza Hamlet, mchezo mrefu kuliko yote ya Shakespeare, bila kupunguza maneno, na Laurence Olivier akiwa mwana wa mfalme. Mwaka 1938 aliuongoza tena, safari hii Alec Guinness akiwa Hamlet, na waigizaji wakivaa nguo za siku zile. Katika mazishi ya Ofelia waombolezaji walisimama na miavuli yao wazi kana kwamba wako katika makaburi ya mjini. Wapo waliochukizwa. Lakini wengi waliona kwa mara ya kwanza kwamba habari ile ya kale ingeweza kuwa habari ya jirani yao.

Tukio kubwa kuliko yote, hata hivyo, lilitokea nje ya London. Mwezi Juni, 1937, kikundi cha Old Vic kilialikwa Denmaki kuucheza Hamlet katika uwanja wa ngome ya Kronborg, mjini Elsinore, mahali penyewe panaposimuliwa katika mchezo huo. Usiku wa ufunguzi mvua ikanyesha kama ya masika. Wageni wa heshima walikuwa wamealikwa, wakiwamo watu wa nyumba ya kifalme, na kuahirisha kukawa aibu. Wakaamua kuhamia ukumbi wa dansi wa hoteli ya jirani. Kule hapakuwa na jukwaa lililoinuliwa, pazia, wala mandhari ya kuchora. Viti vikapangwa kuzunguka sakafu, waigizaji wakapewa saa chache kukumbushana wapitie wapi, na mchezo ukaanza.

Guthrie alistaajabu. Yaliyokuwa yamepangwa kwa miezi yalitupwa, na bado watazamaji walishikwa na mchezo kuliko walivyowahi kushikwa London. Akajiuliza sababu ni nini. Jibu alilolipata lilikuwa jepesi: waigizaji walikuwa katikati ya watu. Kwa karne kadhaa majumba ya michezo ya Ulaya yalikuwa yamejengwa kama sanduku lililofunguliwa upande mmoja. Pazia lilining'inia mbele, mwigizaji akawa ndani ya sanduku na mtazamaji nje, kama mtu achunguliaye dirishani. Shakespeare mwenyewe hakuandikia sanduku. Katika siku zake jukwaa lilitokeza katikati ya umati, na watu walisimama pande tatu.

Hapa naomba nitie neno langu. Sisi tuliocheza michezo ya shule katika bwalo la chakula, meza zikisukumwa ukutani na madarasa yakikaa kwenye mabenchi pande tatu, tulidhani tunafanya hivyo kwa sababu ya umaskini. Kumbe mwongozaji mkubwa wa Uingereza alihitaji mvua ya Elsinore ili auone uzuri wa mpango kama huo. Na mtu ye yote aliyesimama katika duara la ngoma kijijini anajua kwamba mchezaji huchezea watu wanaomzunguka.

WAKATI WA VITA

Baylis alifariki mwezi Novemba, 1937. Vita vilipoanza mwaka 1939 Guthrie ndiye aliyekuwa msimamizi wa Old Vic, pamoja na jumba la opera na ngoma za balei la Sadler's Wells. Mabomu yakaanguka London, na mwaka 1941 jumba la Old Vic likaharibiwa. Guthrie alikwisha hamishia makao makuu mjini Burnley, mji wa viwanda vya nguo kaskazini ya nchi. Mwaka 1940 kikundi kimoja, chini ya Sybil Thorndike na mumewe Lewis Casson, kilizunguka vijiji vya wachimba makaa ya mawe huko Wales, kikicheza Macbeth katika kumbi za wafanyakazi.

Tukio hili ni dogo katika vitabu vya historia, lakini mimi naliona kubwa. Serikali ilikuwa imeanza kutoa ruzuku kidogo kwa ajili ya sanaa, kwa imani kwamba taifa lililo vitani lahitaji zaidi ya mkate na risasi. Guthrie aliona kwamba mchimba makaa asiyewahi kukanyaga London aliusikiliza mchezo kwa makini kuliko mtu wa mjini aliyeuzoea. Tangu hapo hakuamini tena kwamba sanaa bora ni mali ya jiji kuu.

Mwaka 1944 Old Vic ilirudi London katika jumba la kuazima, na Guthrie akaufungulia msimu ule kwa mchezo wa Peer Gynt. Mwaka 1945 aliacha usimamizi, akawa mtu wa kusafiri. Aliongoza michezo Tel Aviv, Helsinki, New York na kwingineko, hata opera. Mwaka 1948 alipewa nafasi katika tamasha la Edinburgh kuongoza mchezo wa Kiskoti wa karne ya 16, uliotungwa na Sir David Lindsay na ambao ulikuwa haujachezwa kwa miaka mingi mno. Alikataa majumba yote ya michezo ya mji ule. Akachagua ukumbi wa mkutano mkuu wa Kanisa la Uskoti, akaweka jukwaa katikati na watu pande tatu. Hakutumia pazia. Safari hii hakulazimishwa na mvua, nao mchezo ukapendwa kupita matazamio yote.

HEMA LA STRATFORD

Katika mkoa wa Ontario, Kanada, kuna mji mdogo uitwao Stratford. Mwaka 1952 ulikuwa na watu wapatao 19,000, na riziki yao kubwa ilitoka katika karakana ya kutengeneza injini za reli za mvuke. Injini za dizeli zilikuwa zinaingia, na kila mtu aliona kwamba karakana ile siku zake zinahesabika. Mwandishi wa habari mmoja, mzaliwa wa mji huo, Tom Patterson, akapata wazo ambalo wengi walilicheka: kwa kuwa mji wao una jina la mji alikozaliwa Shakespeare, kwa nini wasianzishe tamasha la michezo yake? Patterson hakujua lo lote juu ya kuendesha michezo. Akapiga simu mpaka Ayalandi, akamwomba Guthrie aje kutoa ushauri.

Guthrie wakati huo alikuwa na jina. Angeweza kujibu kwamba ana shughuli nyingi. Alikwenda mwezi Julai, 1952, akakuta kamati ya wenyeji, bustani nzuri kando ya mto, na hakuna jengo. Akawaambia wazi kwamba kama wanataka kuiga mambo ya London, yeye si mtu wao. Lakini kama wako tayari kujenga jukwaa la namna mpya, atakuja. Wakakubali.

Msanifu wa jukwaa, Tanya Moiseiwitsch, akachora jukwaa la mbao lenye ngazi, nguzo na roshani ndogo, lililotokeza katikati ya viti. Juu yake likatundikwa hema kubwa mfano wa hema la sarakasi, la kuchukua watu wapatao 1,500. Fedha zilipungua hata ikadhaniwa kwamba kazi itasimama, lakini michango ikaokoa jahazi. Waigizaji wengi walikuwa Wakanada, na kutoka Uingereza wakaja Alec Guinness na Irene Worth kuongoza safu. Tarehe 13 Julai, 1953, mchezo wa Richard wa Tatu ukafungua tamasha. Watu walitoka mbali, msimu ukaongezwa juma moja, ukawa wa majuma sita.

Guthrie aliendelea kwa misimu miwili zaidi. Mwaka 1955 aliongoza huko mchezo ambao sisi twaujua kwa jina la Mabepari wa Venisi, aliloupa Mwalimu Nyerere katika tafsiri yake ya 1969. Kisha akafanya jambo ambalo waanzilishi wengi hushindwa kulifanya: aliwaachia wengine. Alimkabidhi Michael Langham uongozi, na mwaka 1957 hema likapisha jengo la kudumu lililojengwa kulizunguka jukwaa lile. Karakana ya reli ilifungwa miaka michache baadaye, lakini mji haukufa. Tamasha lingali likifanyika mpaka leo, na limekuwa ajira ya watu wengi wa pale.

MINNEAPOLIS

Mwaka 1956 Guthrie alipata tuzo ya Tony huko New York kwa kuongoza mchezo wa Thornton Wilder. Hata hivyo hakuipenda biashara ya michezo ya jiji hilo, ambako mchezo uliishi au kufa kufuatana na magazeti ya asubuhi. Mwaka 1959, pamoja na wenzake wawili, Oliver Rea na Peter Zeisler, alitangaza katika gazeti la New York Times kwamba wanatafuta mji wa Marekani, ulio mbali na New York, utakaokubali kuwa na kikundi cha kudumu cha michezo. Miji saba ikajibu, nao wakachagua Minneapolis, kaskazini kabisa mwa nchi, kwenye baridi kali.

Wananchi wa kule walichanga zaidi ya dola milioni 2. Watoto wa shule ya Jumapili katika mji wa Mankato walichanga dola sita na ushei, na Guthrie aliuthamini mchango huo kama ule wa matajiri. Jumba lilifunguliwa tarehe 7 Mei, 1963, kwa Hamlet. Lilikuwa na viti 1,441, na kiti cha mwisho kabisa kilikuwa futi 52 hivi kutoka jukwaani. Wakati wa matayarisho hayo alimkaribisha kijana mmoja wa Ayalandi ya Kaskazini, mwalimu aliyekuwa ameacha kazi ili awe mtunzi, akae miezi kadhaa akitazama mazoezi. Kijana huyo alikuwa Brian Friel. Aliporudi kwao alitunga mchezo juu ya kijana anayejiandaa kuhamia Marekani, ukachezwa mwaka 1964, naye akawa mtunzi mkubwa wa nchi yake.

Isifikiriwe kuwa Guthrie hakuwa na kasoro. Alipenda mno maandamano, vita na karamu jukwaani, lakini pakiwa na wapendanao wawili wanaonong'ona alichoka upesi. Wahakiki walilalamika kwamba vichekesho vyake vidogo vidogo viliyafunika maneno ya mtunzi. Kazi zake nyingine zilianguka vibaya. Lakini waigizaji wa nafasi ndogo, wale wa kushika mkuki na kunyamaza, walimpenda, maana alimpa kila mmoja jambo la kufanya.

KIWANDA CHA JAMU

Sasa turudi Newbliss. Guthrie alirithi nyumba ya Annaghmakerrig akaifanya makao yake. Alipewa heshima ya Sir mwaka 1961, na kuanzia mwaka 1963 hadi 1970 alikuwa Mkuu wa Chuo Kikuu cha Queen's, Belfast. Lakini kijijini kwake aliona jambo lililomsumbua: vijana walikuwa wanaondoka. Reli ilikwisha ng'olewa, kazi hakuna, na kila mwaka waliokwenda Uingereza na Marekani waliongezeka. Mwaka 1962 akaanzisha kiwanda cha kutengeneza jamu kwa matunda ya wakulima wa jirani, Wakatoliki na Waprotestanti wakifanya kazi pamoja.

Wahenga wamesema mcheza kwao hutunzwa. Kwa Guthrie haikuwa hivyo. Aliyefaulu kuinua miji ya ugenini alishindwa kukiinua kijiji chake. Kiwanda kilikosa usimamizi mzuri na soko la kutosha. Alipokuwa mzee, na afya yake imepungua, aliendelea kusafiri na kuongoza michezo nchi za mbali, na sehemu ya mapato yake ikimezwa na deni la jamu. Mwishowe kiwanda kilifilisika. Watu wa hesabu watasema alipaswa kukifunga mapema. Mimi, niliyepata kuona miradi ya wilayani ikizinduliwa kwa ngoma na kufa kimya kimya bila mwanzilishi wake kuonekana tena, namheshimu mtu aliyekaa na mradi wake mpaka mwisho na kulipa kutoka mfukoni mwake mwenyewe.

Sir Tyrone Guthrie alifariki nyumbani kwake tarehe 15 Mei, 1971, akiwa na umri wa miaka 70. Mkewe alimfuata mwaka uliofuata. Katika wosia wake aliiachia nchi ya Ayalandi nyumba ile, iwe mahali pa wasanii kufanyia kazi. Ilifunguliwa mwaka 1981, na ikasimamiwa kwa ushirikiano wa mabaraza ya sanaa ya pande mbili za mpaka, katika miaka ambayo pande hizo zilikuwa hazipatani kwa mengi. Watunzi, wachoraji na wanamuziki hufanya kazi kila mtu peke yake mchana, na jioni hula chakula pamoja mezani. Jumba la kwanza la Minneapolis lilibomolewa mwaka 2006, lakini kikundi chake kilihamia jumba jipya kando ya mto Mississippi, nalo limebaki na jina la Guthrie na jukwaa lililozungukwa na watu.

FUNZO KWETU

Hakuna aliye hai leo awezaye kutuonyesha Hamlet ya Elsinore. Lakini mji mdogo wa reli umeponea chupuchupu, na mtindo wa jukwaa lile umeenea katika nchi nyingi.

Ndugu zangu, wengi wetu tumepangiwa kazi mahali ambapo jina lake halitajwi katika taarifa ya habari. Tumezoea kuhesabu miaka mpaka uhamisho utoke. Guthrie alikuwa na London mkononi, akaenda kukaa na kamati ya mji wa watu 19,000 na kuwauliza wako tayari kufanya nini.

Na kwa kuwa umoja wetu umekwisha anza kuzungumzia mchango wa kulikarabati bwalo la shule, naiomba kamati itafakari jambo moja kabla ya kununua saruji. Katika mchoro nilioonyeshwa kuna jukwaa la juu upande mmoja, lenye ukuta wa mbele na pazia zito. Fedha hizo zitoshe kutengeneza paa linalovuja na kununua mabenchi mengi imara yanayoweza kuhamishwa. Wanafunzi watajua wenyewe namna ya kuyapanga.